Fenakistiskopu
Fenakistiskopu ni kifaa cha kuonyesha michoro kana kwamba inatembea, kilichobuniwa mwaka 1832 na Joseph Plateau, mwanafizikia wa Ubelgiji. Ni kisahani cha karatasi ngumu chenye mianya myembamba na michoro iliyopangwa kwa duara, kila mmoja ukitofautiana kidogo na jirani yake. Mtazamaji hukielekeza kwenye kioo, hukizungusha na kuchungulia mianyani: mcheza dansi aliyechorwa mara 16 huanza kuzunguka. Bila mianya, huonekana ukungu mtupu. Simon Stampfer wa Vienna alibuni kifaa kama hicho wakati uleule, bila kumtegemea Plateau. Plateau, mtu wa macho kwelikweli, alipofuka mwaka 1843. Akaendelea na utafiti, jamaa na wenzake wakitazama kwa niaba yake.