Chaki ya Pasaka

Sehemu ya Tatu

ILIPOISHIA: Nimefika Naivasha usiku wa Jumamosi na madaftari ya rali ya Mjomba mgongoni, kamili, isipokuwa ukurasa mmoja. Wa Jumatatu ya Pasaka, 1973. Ulichanwa zamani, na kila nikimuuliza Mjomba ni nani aliyeuchana, yeye huagiza chai. SASA ENDELEA…

Alfajiri ya Jumapili, Juni 27, 2021, Loldia, kwenye njia ya rali, kulikuwa na baridi ya kuuma masikio. Nilikaa juu ya debe nililolipindua kando ya uzio, barakoa kidevuni, daftari gotini, penseli nyuma ya sikio. Penseli, si kalamu. Mjomba anasema wino hukimbia mvua ikinyesha, na Rali ya Safari isiyo na mvua yeye hajawahi kuiamini.

Tuko sita. Halipwi mtu. Watano tunatawanyika kwenye kona, tunahesabu magari na kutuma namba. Wa sita anabaki nyumbani Gilgil, anapanga na kusambaza kwenye simu za waliojiunga nasi, hadi Wakenya walioko Dubai. Sheria yetu ni moja na aliiweka Mjomba kabla sisi wote hatujazaliwa: gari ulilolisikia si gari. Gari ni lile ulilolihesabu.

Sheria hiyo ina makovu.

Mjomba alianza 1968, mtoto wa miaka kumi na minne, mwaka ambao magari zaidi ya 90 yaliingia kwenye Safari na saba tu ndiyo yaliyomaliza. Mvua ilikuwa imegeuza barabara uji. Alikuwa akishinda dukani, sikio kwenye redio ya betri, na siku ya mwisho akachukua ubao wa bei, akafuta sukari na unga, akaandika majina ya wale saba kwa chaki. Juu kabisa Nick Nowicki na Peugeot 404 yake. Wazee wakasimama kusoma, wakatikisa vichwa, kwa kuwa Nowicki huyohuyo ndiye aliyeshinda 1963, na mwaka huo pia yalimaliza magari saba tu. Mwenye duka alikuja juu kwa ajili ya sukari yake, kisha akaona watu waliokuja kusoma wananunua sigara. Akanunua ubao wa pili.

Tangu hapo, kila Pasaka, Gilgil haikungoja gazeti la Nairobi. Ilingoja chaki ya kijana.

Sasa njoo nawe 1973. Safari ya mwaka ule iliisha kwa kitu ambacho hata redio ilikitamka kwa kusitasita: madereva wawili walikuwa sawa kwa pointi. Wote wa Datsun. Shekhar Mehta, aliyezaliwa Uganda, kwenye 240Z. Harry Källström wa Uswidi kwenye 1800 SSS. Baada ya siku na usiku wa vumbi na tope, hakuna aliyemzidi mwenzake hata pointi moja.

Mjomba aliandika majina yote mawili kwenye mstari mmoja, kushoto na kulia, akaacha juu yake nafasi tupu. Watu walikuwa wameweka pesa, shilingi tano tano, wengine kumi. Wakamzonga. Andika basi, kijana, nani kashinda? Akawaambia redio haijasema. Fundi baiskeli mmoja akamwambia Mzungu ndiye, kila mtu anajua. Mjomba akaitia chaki mfukoni akaenda kulala.

Asubuhi ubao ulikuwa na jina moja juu, kwenye ile nafasi. KÄLLSTRÖM. Na ile K, ananiambia shangazi ambaye aliiona kwa macho yake, ilikuwa na mguu uliojikunja mwishoni kama mkia wa paka, vilevile anavyoiandika Mjomba. Hata vile vidoti viwili juu ya A na O vilikuwepo, navyo hapo Gilgil vilijulikana na mtu mmoja tu, aliyevinakili gazetini.

Walioweka pesa kwa Källström wakalipwa kabla ya saa mbili. Saa nne redio ikatangaza: mshindi ni Mehta, kwa sababu ndiye aliyekwenda mbali zaidi bila kupoteza pointi tangu mbio zianze. Waliolipwa wakawa wameshainywa. Waliolipa wakaja kumtafuta mwenye chaki.

Alipigwa makofi mbele ya duka, akakimbia hadi stesheni ya reli, akalala huko siku mbili. Alikuwa na miaka kumi na tisa. Aliporudi hakuugusa tena ubao. Aliendelea na madaftari tu, mwaka baada ya mwaka, kwa mwandiko mdogo ambao hakuna mpita njia angeweza kuusoma. Humo nimemkuta Joginder Singh na Lancer yake, 1974 na 1976. Nimemkuta Mehta akirudi kushinda mara nne mfululizo, 1979 hadi 1982, na pembeni ya kila ushindi Mjomba ameweka alama ya tiki, kubwa kuliko inavyostahili. Nimemkuta Colin McRae akishinda mara ya tatu mwaka 2002, kisha Safari ikaondolewa kwenye ubingwa wa dunia. Mbio zenyewe ziliendelea kwa ngazi ya Afrika, lakini daftari la Mjomba liliishia pale, katikati ya ukurasa, kama mtu aliyeitwa mlangoni na hakurudi.

Ndiyo maana Alhamisi ya wiki ile, rali iliporudi rasmi kwenye ubingwa wa dunia baada ya miaka 19, nilishangaa kumkuta akiupangusa ubao wa zamani kwa kitambaa chenye maji. “Mwanangu,” akaniambia bila kugeuka, “wewe nenda ukahesabu. Mimi nitaandika.” Na akanunua chaki. Paketi nzima.

Basi nikawa Loldia nahesabu.

Siku ya mwisho wanaoongoza hutoka mwishoni, kwa hiyo nilijua wa kumngoja. Thierry Neuville, Hyundai namba 11, alikuwa amelala akiongoza kwa karibu dakika nzima. Nyuma yake Katsuta, kisha Ogier. Simu yangu ilikuwa imejaa ujumbe tangu usiku. Vijana wa stendi wameshaanza kulipana, mwenzetu wa Gilgil akaandika. Wanataka Mjomba aandike Neuville leo hii hii. Nikamjibu: asiandike. Ujumbe ukakwama. Kwenye kona ile mtandao ulikuwa ukija na kuondoka kama mgeni asiye na nauli.

Ogier akapita. Namba 1. Nikapiga mstari. Lile vumbi lao laini, linaloitwa feshfeshi, likasimama hewani kama pazia. Mbuzi mmoja akapiga chafya, nasi sote tukamcheka. Katsuta akapita, namba 18, kasi ya kutisha, mawe yakagonga uzio. Mstari.

Kisha tukangoja.

Ukikaa sana kando ya njia ya rali unajifunza kusikiliza pengo. Gari linapochelewa watu huacha kuongea kabla hawajajua kwa nini. Mama muuza chai aliweka birika chini. Nikaangalia saa, nikaangalia tena.

Likaja. Ngurumo ilikuwa ya Hyundai, lakini mwendo haukuwa wa gari linaloongoza Safari. Nyuma lilikuwa limelegea, linayumba kama punda aliyeumia goti, na dereva analibembeleza lifike tu. Namba 11. Nikaiandika, nikaizungushia duara, na mkono ulikuwa unatetemeka hadi penseli ikatoboa karatasi.

Dakika nzima ya Neuville ilikuwa imeishia kwenye vumbi la Loldia, na Gilgil walikuwa wanalipana.

Nikampigia kelele kijana wa bodaboda. Tukapanda kilima kwa njia ya ng'ombe, mimi nimeshika simu juu kama mshumaa, hadi vile vijistari vya mtandao vikatokea, kimoja, viwili. Ujumbe ukaanza kumiminika. Wa kwanza: wanamsukuma Mjomba. Wa pili: Mjomba amekataa. Wa tatu ulikuwa picha, na ilichukua muda kufunguka kutoka juu kwenda chini. Kwanza paa la duka. Kisha migongo ya watu. Kisha ubao, na majina yameandikwa kwa mpangilio, safi, na juu yake nafasi tupu.

Na ndani ya nafasi ile, herufi moja. N, ambayo mguu wake wa mwisho umejikunja kama mkia wa paka.

Mjomba ana kiharusi cha mkono tangu mwaka juzi. Haandiki tena mikia. Majina yale ya chini yote ni ya herufi zilizonyooka kama misumari. Nilimwona mwenyewe Alhamisi akihangaikia herufi hizo.

Nikapiga simu yake. Ikaita mara nne, ikapokewa.

“Mjomba! Usimwache mtu aandike! Mjomba?”

Kimya. Kisha nikasikia chaki ikiwekwa juu ya mbao, taratibu.

“Mjomba wako yuko hapa kando yangu, anakunywa chai,” ikasema sauti ya mzee nisiyemjua. “Hawezi kuongea sasa hivi. Nimemrudishia karatasi yake ya 1973, anaisoma.” Akavuta pumzi. “Sasa niambie, binti yangu. Namba kumi na moja umeihesabu, au umeisikia?”

ITAENDELEA JUMAMOSI IJAYO