Madumu ya Hombolo

Wajukuu wanataka kwenda bwawa la Hombolo Jumamosi. Mama yao kaandika orodha: chapati, mkeka, kofia. Nikaongeza madumu mawili ya maji, wakacheka. Babu, si tunakwenda bwawani?

Bwawani, ndiyo, lakini maji yake yana chumvi. Nchi yetu ya Ugogo ndivyo ilivyo. Karne ya 19, misafara iliyotoka Bagamoyo kwenda Tabora, ikishapita Mpwapwa, iliingia nyika ya Marenga Mkali, yaani maji makali. Wapagazi waliondoka mchana na maji yao, wakalala porini pasipo kisima, alfajiri wakaendelea. Mwendo huo waliuita terekeza. Wakifika Ugogo, watemi walidai hongo ya kupita: vitambaa, shanga, waya. Msafiri Stanley, aliyepita mwaka 1871, alilalamika sana. Mimi nawaelewa watemi; visima vilikuwa vya watu wao, na ukame ulikuwa wao pia.

Bwawa lenyewe ni la juzi tu, lilijengwa 1957. Watoto wataona mibuyu njiani, na wavuvi wa perege.

Madumu yamebaki kwenye orodha. Sasa mama yao anauliza yatakaa wapi, maana gari limejaa.