Jiwe Lina Jina, Mtoto Hana

Tarehe 14 Agosti 1992, alasiri, kimondo kilipasuka juu ya Mbale, mashariki mwa Uganda. Watafiti walipata mamia ya mawe, jumla kilo 150 hivi. Yaripotiwa wakazi wengine waliyasaga wakayanywa kuwa dawa ya UKIMWI, uliokuwa ukiwamaliza watu miaka ile. Kipande cha gramu tatu na ushei kiligonga majani ya mgomba, kikapungua kasi, kikampiga mvulana kichwani. Hakuumia.

Nilisoma habari hii hapa Mbarara, nikaenda nayo nyumbani Nakivale kumsimulia shangazi. Hakujali jiwe lilitoka wapi. Aliuliza, “Mtoto huyo ni wa nani?”

Nilikosa jibu. Katika taarifa nilizosoma, jiwe lina uzito, lina aina, lina jina: Mbale. Mvulana hana. Nakivale, inayopokea wakimbizi tangu mwishoni mwa miaka ya 1950, tunaijua hali hiyo. Kwenye foleni ya mgao huulizwa kadi kwanza. Kwangu, historia hii bado ni nusu. Kama yu hai, mvulana yule ni mtu mzima sasa. Mbale ni safari ya basi tu.