Deni na Gereza

Zamani za Wabelgiji, mji wetu wa Kalemie ulipoitwa Albertville, mtu aliyehukumiwa kulipa, asilipe, aliweza kutiwa gerezani ili ashurutishwe. Mabaraza ya wenyeji, yaliyotengenezwa kwa amri ya tarehe 15 Aprili 1926, nayo yalikuwa na nguvu hiyo. Lakini kwao Ubelgiji, kumfunga mtu kwa deni la biashara kulikuwa kumekwisha tangu sheria ya 27 Julai 1871!

Mwaka 1976 nchi yetu, iliyoitwa Zaire wakati ule, iliingia katika mapatano ya mataifa ya mwaka 1966. Kifungu cha 11 kinakataza kumfunga mtu kwa sababu tu ameshindwa kutimiza mkataba. Mwenye kula amana kwa hila ni mwingine. Huyo anahukumiwa kwa kosa lake.

Basi tuulizane: mvuvi akifungwa, nani atavua ndagala ziwani? Mdai hapati kitu, na watoto wa mdaiwa wanalala njaa. Heri baraza likamate mali, au mdai akubali kulipwa kidogo kidogo. Wazee walisema dawa ya deni ni kulipa. Hawakusema ni kufungwa.