"Mario": Filamu ya Uswisi kuhusu siri ya mwanakandanda

Mchezaji chipukizi anampenda mwenzake wa timu, kisha anatakiwa kuchagua kati ya mapenzi hayo na mkataba wa kulipwa. Hicho ndicho kisa cha "Mario", filamu ya mwaka 2018 iliyoongozwa na Marcel Gisler wa Uswisi.

Mario Lüthi, anayeigizwa na Max Hubacher, yumo katika kikosi cha vijana wasiozidi miaka 21 cha klabu ya Young Boys mjini Bern. Kuingia timu kubwa ni ndoto yake, na pia ya baba yake. Ndipo anapowasili Leon, mshambuliaji kutoka Ujerumani, anayeigizwa na Aaron Altaras. Klabu inawapangia nyumba moja. Vijana hao waliotarajiwa kuwania nafasi wanajikuta wakipendana.

Shinikizo lisilo na matusi

Uvumi unapoenea, kejeli zinaanza katika chumba cha kubadilishia nguo. Hata hivyo, shinikizo zito zaidi linatoka kwa watu wanaozungumza kwa upole. Kwao, mchezaji ni mali yenye bei sokoni, na siri ikifichuka bei hiyo huenda ikashuka. Mario anakubali kuficha ukweli, huku rafiki yake Jenny akijifanya mpenzi wake mbele ya watu. Leon hakubali kuishi hivyo, na anaondoka.

Baadaye Mario anahamia FC St. Pauli ya Hamburg. Uchaguzi wa klabu hiyo una maana yake: mashabiki wake wanajulikana kwa kupinga ubaguzi, na rais wake hadi mwaka 2010, Corny Littmann, hakuficha kwamba ni shoga. Hata huko, Mario anaendelea kunyamaza. Amepata kazi aliyoitamani, lakini amempoteza aliyempenda.

Katika tuzo za filamu za Uswisi za mwaka 2018, Hubacher alitajwa mwigizaji bora wa kiume, naye Jessy Moravec, aliyeigiza Jenny, akashinda tuzo ya mwigizaji bora msaidizi.

Sheria na uwanja

Katika kura ya maoni ya Septemba 2021, karibu asilimia 64 ya wapiga kura wa Uswisi waliidhinisha ndoa za watu wa jinsia moja. Viwanja vya soka, hata hivyo, havijaenda kwa kasi hiyo. Mjerumani Thomas Hitzlsperger, aliyeichezea timu ya taifa mechi 52, alijitangaza mwezi Januari 2014, baada ya kustaafu. Jakub Jankto wa Jamhuri ya Czech alifanya hivyo Februari 2023, akiwa bado anacheza.

Aliyewatangulia ni Justin Fashanu, Mwingereza ambaye baba yake alikuwa Mnigeria. Mwaka 1981 alikuwa mchezaji wa kwanza mweusi nchini Uingereza kununuliwa kwa pauni milioni moja. Alijitangaza mwaka 1990, akakabiliwa na dhihaka za mashabiki na kukataliwa na baadhi ya jamaa zake, na alijiua mwaka 1998.

Kisa cha Mario ni cha kubuni, lakini hofu inayomfunga mdomo si ya kubuni.