Yule Aliyekufa Kabla ya Stelingi

Ndugu msomaji, wa rika langu mnaikumbuka kanuni ya sinema: stelingi hafi. Nilipokuwa kijana niliitazama "Dr. No", filamu ya kwanza ya James Bond, iliyotoka mwaka 1962. Tulipotoka ukumbini kila mmoja wetu alikuwa Sean Connery. Hakuna aliyeuliza jina la Quarrel, yule Mweusi mwenye mashua aliyemvusha Bond hadi kisiwani, kisha akateketezwa na gari linalotema moto. Hata mimi sikuuliza. Leo nataka kulilipa deni hilo.

Jina lake ni John Kitzmiller. Alizaliwa mwaka 1913 huko Battle Creek, jimbo la Michigan, Marekani. Alisomea uhandisi, si uigizaji. Vita Kuu ya Pili ndivyo vilivyompeleka Italia, akiwa katika jeshi la nchi yake. Jeshi hilo liliwatenga askari weusi na weupe katika vikosi mbalimbali. Amri ya kukomesha ubaguzi huo Rais Truman aliitoa mwaka 1948. Vita vilipokwisha, Kitzmiller hakurudi kwao. Alibaki Italia.

Wakati ule waongozaji wa Italia walikuwa wametoka na kamera zao mitaani, wakionyesha njaa, magofu na biashara ya magendo. Katika hadithi za namna hiyo askari wa Kimarekani hakosekani. Mwaka 1947 Luigi Zampa alimpa nafasi katika "Vivere in pace", yaani kuishi kwa amani. Humo yeye ni Joe, askari aliyejeruhiwa na kufichwa na mkulima mmoja kijijini. Usiku mmoja Mjerumani analewa katika nyumba hiyo hiyo, na Joe naye, akiwa chakari kwa mvinyo, anatoka mafichoni. Unangoja risasi, badala yake maadui hao wanakumbatiana na kucheza.

Mwaka 1948 ikaja "Senza pietà" ya Alberto Lattuada, ambayo Federico Fellini alishiriki kuiandika. Safari hii Kitzmiller si msindikizaji. Ni Jerry, askari mweusi katika bandari ya Livorno anayempenda msichana wa Kiitalia, Angela. Mwisho wote wawili wanakufa. Hata hivyo, tukumbuke kwamba wakati huo majimbo mengi ya Marekani yalipiga marufuku kwa sheria ndoa kati ya mweusi na mweupe. Mapenzi yale yangemfikisha mahakamani huko kwao.

Lakini mlango uliofunguka haukufunguka wote. Aliendelea kuitwa kuwa askari, au mpiga tarumbeta kama katika "Luci del varietà" ya mwaka 1950. Ikambidi avuke mpaka kwenda Yugoslavia, ambako France Štiglic alimfanya rubani anayewaongoza watoto wawili yatima katikati ya vita, katika "Dolina miru", yaani bonde la amani. Kwa kazi hiyo, mwaka 1957, tamasha la Cannes lilimpa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume. Alikuwa Mweusi wa kwanza kuipata, miaka saba kabla Sidney Poitier hajapewa Oscar mwaka 1964.

Sasa tujiulize: mshindi wa Cannes alipata nini baada ya hapo? Miaka mitano baadaye ndiye yule Quarrel. Katika filamu ile kuna mahali Bond anamwagiza mwenzake huyo amletee viatu, naye anakwenda kuvichukua. Sisi ukumbini tuliliona jambo la kawaida. Hilo ndilo linaloniuma mpaka leo.

Kitzmiller alifariki mjini Rome Februari 1965, akiwa na umri wa miaka 51. Mwaka huo huo ilitoka filamu ya Kijerumani iliyompa tena nafasi ya mbele, akiwa Mjomba Tom, mtumwa.

Sisemi tumwonee huruma. Aliishi kwa kazi yake karibu miaka 20, katika nchi aliyoichagua mwenyewe. Ninalosema ni kwamba tuzo haikuweza kubadili macho ya watazamaji, na watazamaji hao ni pamoja na sisi. Kwa hiyo, ndugu msomaji, filamu ikimalizika usikimbilie mlango. Kaa kidogo, majina yapite, umtafute yule aliyekufa kabla ya stelingi.

Mpaka wiki ijayo, kwaherini.