Phasmophobia: mchezo wa kusaka mizimu

Phasmophobia ni mchezo wa kompyuta wa kutisha ambamo wachezaji, kuanzia mmoja hadi wanne, huingia katika nyumba, skuli, gereza au hospitali kuukuu iliyokaliwa na mzimu, wakakusanya dalili kwa vyombo maalumu, wakatambua mzimu huo ni wa jinsi gani, kisha wakatoka wakiwa hai. Ulibuniwa na Daniel Knight wa Uingereza, aliyeianza kazi hiyo peke yake, na ukatolewa na kampuni yake ya Kinetic Games tarehe 18 Septemba 2020 katika duka la Steam, ukiwa toleo la awali. Haukupita muda ila ulikuwa umeenea duniani, maana watu wengi walikuwa wamejifungia majumbani kwa ajili ya maradhi ya korona, na waliokuwa hawachezi wakawatazama wachezao kwa njia ya mtandao wa Twitch. Na Desemba ya mwaka huo huo ukatunukiwa katika The Game Awards kuwa mchezo bora wa kwanza wa mtengenezaji mpya. Agosti 2023 vyombo vyote viliundwa upya na kupewa madaraja matatu matatu, na tarehe 29 Oktoba 2024 mchezo ukafika katika PlayStation 5 na Xbox Series.

Jambo linaloutenga na michezo mingine ya kutisha ni kwamba mzimu hauuawi wala haufukuzwi. Hakuna bunduki, hakuna upanga, na silaha za kujikinga ni haba. Ushindi ni kuandika jina sahihi katika daftari la kazi na kurudi nalo.

Kugawana kazi

Wengi wanaoushindwa mchezo huu huushindwa kwa sababu moja, nayo ni kuudhani kuwa mchezo wa ujasiri, hali ni mchezo wa shura: watu wanne waingiao pamoja chumba kimoja wakishika kila mmoja tochi yake huona kitu kile kile mara nne, ilhali watu wanne waliogawana kazi huona vitu vinne kwa wakati mmoja. Mpango uliozoeleka ni huu: mmoja hutangulia na kipimajoto, wa pili humfuata na kipima sumaku-umeme, wa tatu hubeba kamera na daftari la mzimu, na wa nne hubaki ndani ya lori lililoegeshwa nje, akitazama skrini za kamera na ile inayoonyesha utulivu wa akili wa kila mwenziwe. Wanagenzi humdharau huyu wa lorini, wakamwona mwoga. Lakini ndiye aonaye kwanza kwamba hali imeharibika, na kundi lisilo na mtu wa namna hiyo aghalabu hushtukizwa.

Mawasiliano yana njia mbili, sauti ya kawaida isikikayo karibu tu, na redio upepo isikikayo popote. Taarifa iwe fupi, itaje mahali, itaje kilichoonekana, itaje na mwendo wa msemaji: “Jikoni. Kipimajoto kimeshuka chini ya sifuri. Natoka, leteni daftari.” Maneno kama haya yana faida kuliko mayowe ya dakika nzima, na zaidi ya hayo hayaujazi mzimu masikio, kwa maana mzimu husikia sauti za wachezaji, hata zile za redio, na wakati wa msako huzifuata.

Chumba cha mzimu na dalili saba

Kila mzimu una chumba chake upendacho, na kazi ya kwanza ni kukipata. Katika daraja la chini la ugumu wachezaji hupewa dakika 5 ambazo mzimu hauwezi kusaka. Katika daraja la kati dakika 2. Katika daraja la juu hawapewi hata moja. Kwa hiyo muda wa mwanzo ni mali, na haufai kutumiwa kwa kustaajabia nyumba. Kipimajoto ndicho chombo cha kuaminika zaidi kwa kazi hii, ila hakitaki pupa: mshikaji husimama katikati ya chumba, akangoja namba itulie, ndipo akahamia kingine, na chumba kinachozidi kupoa hali vya jirani vimebaki vilivyo ndicho cha kushukiwa.

Chumba kikishajulikana, hutafutwa dalili. Ziko saba: kipima sumaku-umeme kufika daraja la 5, alama za vidole zionekanazo kwa taa ya urujuani juu ya milango, madirisha na swichi, maandishi katika daftari lililoachwa sakafuni, vimulimuli vidogo vinavyoelea, vionekanavyo kwa kamera ya gizani peke yake, joto lililoshuka chini ya nyuzi sifuri, jibu la sauti katika kisanduku cha mizimu, na kivuli cha mzimu kipitacho mbele ya taa ya vitone vya kijani. Kila jinsi ya mzimu hutoa tatu kati ya hizo, na kufikia mwishoni mwa 2022 jinsi zilikuwa 24, kwa hiyo dalili mbili za kweli hupunguza orodha ikabaki majina machache. Katika madaraja magumu mno dalili moja au mbili hufichwa makusudi, na hapo hesabu ya dalili haitoshi tena, ni lazima kujua tabia.

Kosa linalokaribia kuwa la kila mtu ni kuhesabu kile ambacho si dalili. Chombo cha sumaku-umeme kikifika 2, 3 au 4 kinaonyesha tu kwamba mzimu umegusa, umerusha au umejidhihirisha. Ni 5 tu ihesabiwayo. Pumzi ya mtu ikionekana kama moshi haimaanishi kwamba joto limefika chini ya sifuri. Alama za vidole hufifia zisipoangaliwa mapema, na ukimya wa kisanduku si ushahidi kwamba mzimu haujibu, kwani muulizaji huenda yuko mbali au taa za chumba zinawaka. Asiye na kipaza sauti huchagua maswali yake kwa maandishi. Mchezaji mwema husema “sijaona” mahali pa kusema “haipo”, na kundi lenye adabu hiyo hukosea mara chache.

Utulivu wa akili

Kila mchezaji ana kiasi cha utulivu kihesabiwacho kwa asilimia, nacho hupungua akikaa gizani na akitokewa na mzimu. Mizimu mingi huanza msako wastani wa kundi zima unapoteremka hadi asilimia 50, na ndiyo sababu mtu mmoja mzembe anayezurura gizani huwahatarisha wenziwe waliotulia. Dawa ni kuwasha taa za vyumba vinavyotumika, kuwasha mishumaa, kumeza vidonge kwa wakati, na kupokezana zamu. Taa zote zisiwashwe pamoja, maana zikizidi meni swichi hukata, na nyumba nzima ikaingia kizani katika saa isiyotakikana.

Kiasi hicho cha 50 hakihusu mizimu yote. Demon huweza kusaka tangu asilimia 70, na mara nyingine bila kujali hesabu yoyote. Shade hungoja hadi 35. Msako wa mapema kwa hiyo ni habari yenye thamani, na anayeponea msako huo hupaswa kutaja wakati ulipotokea.

Msako

Msako ndio sehemu iliyoupa mchezo sifa yake. Taa zinapepesa, mlango mkuu unajifunga, redio zinakwaruza, na nyayo zinaanza kusikika ubaoni. Mwenye kutaka kupona huzima tochi na kila chombo cha umeme alichoshika, hunyamaza, huvunja mwono kwa kupita kona au kuufunga mlango nyuma yake, kisha huingia kabatini au nyuma ya fanicha akatulia hadi nyayo zikome. Kukimbia bila kujua uendako ni njia fupi ya kukutana nao. Maficho hutazamwa mapema, kabla ya dalili ya kwanza kutafutwa, na kila mtu huyajua yake.

Ubani ukichomwa karibu na mzimu katikati ya msako huupotezea njia kwa sekunde chache, zitoshazo kutoroka. Ukichomwa kabla ya msako huuzuia kusaka kwa sekunde 90, na kwa Spirit sekunde 180, ilhali kwa Demon ni 60 tu. Msalaba hufanya kazi kwa namna nyingine: huwekwa sakafuni ndani ya chumba cha mzimu, huzuia msako kuanza, wala hauuzuii mzimu uliokwisha kuanza kusaka. Wapo waubebao mkononi wakikimbia nao barazani, hauwafai kitu.

Tabia za mizimu kadhaa

Revenant hujikokota polepole maadamu haujamwona mtu, ukimwona huenda kasi isiyokimbilika, basi kujificha ndiko kuzuri. Deogen kinyume chake hujua siku zote mchezaji alipo, na kujificha mbele yake ni kujitoa. Lakini ukikaribia hupunguza mwendo mno, hata mtu akauzungusha meza mpaka msako ukaisha. Wraith haukanyagi chumvi. Hantu hukaza mwendo penye baridi. Onryo huchelea moto, na mshumaa uwakao huweza kuuzuia. Banshee huchagua mtu mmoja katika kundi akamwandama yeye. Mimic huiga wenziwe, na vimulimuli vyake vya uongo vimewapotosha wengi kwa kuongezeka juu ya dalili zake tatu.

Jini, kiumbe ambaye wasomaji wa pwani na wa bara hawahitaji kufafanuliwa, naye amo. Katika mchezo hutoa sumaku-umeme ya daraja la 5, alama za vidole na baridi kali. Humwendea kwa kasi mtu aliye mbali naye maadamu meni swichi imewashwa, wala yeye mwenyewe hawezi kuizima. Kwa hiyo kundi linalomshuku Jini hukata umeme wenyewe, jambo jepesi lililookoa makundi mengi. Mtunzi wa makala hii huona kwamba watengenezaji wamemtendea uchache: jini wa visa vyetu ana ukoo, ana dini, ana ahadi na hasira, na haya yote hayamo.

Mwanza na Usukuma

Katika vibanda vya gemu vya Mwanza televisheni hutawaliwa na mpira wa miguu, na Phasmophobia haiwafai sana wenye vibanda, kwani kila mchezaji hutakiwa awe na mashine yake, wala skrini moja haigawanywi kwa wawili. Kompyuta nne, bando la kutosha na umeme usiokatika kwa saa mbili ni mahitaji yasiyo madogo. Umeme ukikatika katikati ya msako kundi hubaki pungufu, basi ni busara wachezaji wa mji huu kupatana mapema nani ashike kazi ya yule atakayepotea hewani.

Fikra ya mchezo wenyewe, hata hivyo, si ngeni mwambaoni mwa ziwa. Kwa Wasukuma kumjua anayesumbua kumetangulia dawa tangu zama. Mfumu, mpiga ramli wao, huchungua matumbo ya kifaranga, akatafuta kama maradhi yametoka kwa mlozi au kwa masamva, mizimu ya wazee, na kama ni masamva ni wa upande wa baba au wa mama. Na hapo tu ndipo hukumu ya tambiko hutolewa. Pupa ya kutoa dawa kabla ya uchunguzi huhesabiwa ni ujinga, na mwenye kucheza Phasmophobia kwa uangalifu ataitambua adabu hiyo.

Karibu zaidi na kazi ya kundi ni chama cha Buyeye, wacheza na wawinda nyoka wa Usukuma, ambacho Hans Cory, Mwaustria aliyekuwa mtaalamu wa jamii katika serikali ya Tanganyika, alikieleza katika jarida la Africa mwaka 1946. Mwanachama hakukabidhiwa nyoka siku ya kwanza: alipitia vyeo, akajifunza majina na tabia ya kila nyoka, dawa ya kila sumu, na maneno ya siri ya wenziwe, na aliyetangulia alimwajibikia aliyemfuata. Habari za chama hiki, pamoja na za Bagika na Bagalu, makundi mawili ya ngoma yanayoshindana kwa ufundi na dawa, zimehifadhiwa katika makumbusho ya Bujora, Kisesa, yaliyoasisiwa na Padri David Clement.

Vitu vilivyolaaniwa

Baadhi ya nyumba huwa na kitu kilicholaaniwa, kama kioo, chenye kutoa habari kwa gharama ya utulivu wa akili. Kundi changa likiache.

Hali ya sasa

Mwaka 2025 ilitangazwa kwamba kampuni ya Blumhouse ya Marekani itautengenezea mchezo huu filamu. Msomaji wa Mwanza atakaye kuujaribu na aanzie nyumba ndogo ya Tanglewood, kwa daraja la chini, pamoja na watu ambao sauti zao anazifahamu, na ajitolee kuwa wa lorini katika kazi ya kwanza.